Mzigo wa Ushahidi katika Madai ya Ardhi ya Tanganyika

Watu wawili wanaposhitakiana kwa ajili ya shamba, msikilizaji asiyeijua mahakama hudhani kuwa hakimu ataanza kwa kuuliza shamba ni la nani. Swali linalotangulia ni jingine: ni nani impasaye kuthibitisha? Aliyetwishwa mzigo huo akishindwa kuubeba hushindwa na kesi, hata kama mpinzani wake naye hakuleta kitu mbele ya hakimu isipokuwa miguu yake. Kila mwanafunzi wa sheria hufundishwa jambo hili katika mwaka wake wa kwanza. Lisilozingatiwa sana ni kwamba historia ya ardhi ya Tanganyika, tangu mwaka 1895, kwa sehemu kubwa ni historia ya mzigo huo: namna mkulima alivyotwishwa, na namna ilivyochukua miaka tisini na tisa kumtua.

Kabla ya dola za kigeni kuingia, mipaka ilikuwa na ushahidi wake, ila ushahidi huo haukuwa wa karatasi. Katika miteremko ya Kilimanjaro Wachaga walipanda masale pembeni mwa vihamba vyao, na mmea huo ulikuwa na heshima iliyopita ya uzio. Kung'oa isale la jirani lilikuwa jambo la kumtia mtu katika hatia mbele ya ukoo mzima. Pwani, safu ya minazi ilisema mahali shamba lilipoishia. Miembe ilisema nani alikaa hapo zamani, na makaburi yalisema alikaa na nani. Aliyekuwa wa kwanza kufyeka msitu alijulikana kwa jina, na wanawe wakajulikana kwa yeye. Mzee aliyeitwa kusuluhisha alikwenda mwenyewe shambani, akatembea, akauliza huyu na yule, na majirani waliokuwapo walikuwa mashahidi na wakati huohuo sehemu ya baraza.

Si kwamba kalamu haikujulikana. Katika miji ya pwani kadhi aliandika mauzo, rehani na wakfu, na hati zikatiwa majina ya mashahidi. Lakini hati hiyo ilikuwa ukumbusho wa jambo lililokwisha kutendwa mbele ya watu. Ikipotea, watu walibaki. Zaidi ya hayo, mtu aliweza kumiliki minazi iliyosimama juu ya ardhi isiyokuwa yake, kwa kuwa mti una mwenyewe na udongo una mwenyewe, na wawili hao waliweza kuishi kwa amani mpaka vizazi vyao. Mawakili wa Ulaya, waliozoea kwamba kilichoshikamana na ardhi hufuata ardhi, waliukuta utaratibu huu wakauona kuwa ni fujo. Haukuwa fujo. Ulikuwa na hesabu yake, nao waliouhesabu walikuwa hai.

Tarehe 26 Novemba 1895 Kaizari wa Ujerumani alitoa amri iliyohusu ardhi yote ya koloni lake la Afrika ya Mashariki. Maana ya amri hiyo ilikuwa fupi: ardhi isiyo na mwenyewe ni mali ya Dola, ila pale ambapo mtu binafsi, au mkuu wa wenyeji, au jumuiya ya wenyeji itaweza kuthibitisha milki yake au haki nyingine juu yake. Ukiisoma kwa haraka huioni hila. Wenyeji wametajwa, wakuu wao wametajwa, hata jumuiya zao zimetajwa, na kila mmoja ameachiwa mlango wa kudai. Lakini neno lililobeba amri yote ni hilo la kuthibitisha. Nchi ilihesabiwa kuwa tupu mpaka mwenyewe athibitishe kuwa yumo. Mtu aliyelala nyumbani kwake jana akiwa hadaiwi na yeyote aliamka mdai, na mdaiwa wake akawa Dola, ambayo haikuwa na haja ya kuonyesha mnazi hata mmoja iliyoupanda.

Tume za ardhi zilitumwa kupima na kutenga. Maagizo yaliyoifuata amri yalitaka wenyeji waachiwe eneo lisilopungua mara nne ya lile walilokuwa wakililima. Hesabu hii huweza kuonekana ya ukarimu, na pengine walioiandika waliiona hivyo. Lakini ilikuwa hesabu ya mtu anayetazama jembe likiwa kazini siku aliyopita yeye. Haikumhesabia vema mkulima aliyeliacha shamba lililochoka ili alirudie miaka mingi baadaye, wala haikumwona mfugaji, ambaye hakuwa na jembe la kuhesabiwa. Katika Usambara ndiko walowezi na makampuni yalikojipatia mashamba makubwa, na huko ndiko ilikoonekana mapema kwamba ardhi iliyopumzishwa na ardhi isiyo na mwenyewe hufanana sana machoni pa mgeni.

Wajerumani waliondoka kwa vita. Amri yao haikuondoka. Waingereza walipokabidhiwa nchi chini ya udhamini wa Shirikisho la Mataifa walitunga Sheria ya Ardhi ya mwaka 1923. Kwa sheria hiyo ardhi yote, inayokaliwa na isiyokaliwa, ilitangazwa kuwa ardhi ya umma chini ya mamlaka ya Gavana, ishikwe na kutumiwa kwa manufaa ya wenyeji wa Tanganyika. Aliyetaka ardhi alipewa haki ya kuikalia kwa muda usiozidi miaka 99. Waliokuwa na milki halali tangu zamani walihifadhiwa milki zao, na kwa hiyo waliokuwa na hati za Kijerumani walisalia na milki kamili isiyokuwa na kikomo. Mkulima wa kawaida alisalia na alichokuwa nacho, yaani kuwapo kwake. Mwaka 1928 sheria ilirekebishwa, na maana ya haki ya kukalia ardhi ikapanuliwa hata ikamchukua mwenyeji, au jumuiya ya wenyeji, anayeitumia au kuikalia ardhi kihalali kwa kufuata sheria na mila za kwao. Maneno hayo machache yalikuwa ngao nzuri. Yaliacha, hata hivyo, shaka moja ambayo haikuondolewa kwa zaidi ya miaka sitini: je, hiyo ni haki kweli, au ni ruhusa tu ambayo Serikali haijaona sababu ya kuifuta?

Shaka hiyo ilipelekwa mahakamani na watu wawili wenye majina ya kipwani, Muhena bin Said na Mtoro bin Mwamba. Kesi ya kwanza iliamuliwa mwishoni mwa miaka ya 1940, ya pili mwanzoni mwa miaka ya 1950, na zote mbili zilifika katika Mahakama ya Rufani ya Afrika ya Mashariki. Waombaji walitaka jambo ambalo kwa nje lilikuwa dogo, yaani kuandikishwa katika daftari la Serikali kuwa wenye milki kamili ya ardhi. Walikataliwa. Kwa kuitegemea amri ya 1895 mahakama iliona kuwa anayedai milki kinyume cha Serikali ndiye apasaye kuithibitisha. Na kuhusu mila iliona kuwa alichokuwa nacho Mwafrika chini ya mila ni haki ya kuitumia ardhi tu, wala si kuimiliki kwa maana ile iliyotakiwa na daftari.

Yafaa kukaa kidogo juu ya hoja hiyo. Mdai alikuwa na njia mbili. Kama angeitegemea mila, angejibiwa kuwa mila haiijui milki kamili, na kwa hiyo hawezi kupewa na mila kitu ambacho mila yenyewe haina. Kama angeziacha mila akazielekea sheria za wageni, angeulizwa karatasi ambayo wageni hao hawakumwandikia babu yake. Njia zote mbili zilirudi mlango mmoja, na mlango umefungwa. Majaji hawakuwa waonevu. Waliifuata sheria kama walivyoikuta, na kwa kipimo cha sheria hiyo hukumu zao zilikuwa nadhifu. Kosa lilikuwa katika kipimo. Neno milki lilipimwa kwa desturi za Uingereza, kisha mila ikalaumiwa kwa kutolifikia. Hakuna aliyeuliza kama mkulima wa Kiingereza angeweza kulifikia isale.

Wengine waliiona mahakama ikiwa mbali nao wakatafuta baraza jingine. Wameru waliohamishwa kwa nguvu kutoka Ngare Nanyuki mwaka 1951 ili walowezi wapate nafasi hawakuanza kwa kubishana juu ya daftari. Walichangishana fedha, na mwaka 1952 Kirilo Japhet akasimama mbele ya Umoja wa Mataifa kueleza habari zao. Ardhi hawakurudishiwa wakati ule, lakini shauri lao lilisikika duniani kuliko kesi yoyote iliyowahi kusomwa Dar es Salaam, na siasa ya uhuru ilifaidika nalo.

Wakati huohuo magomvi ya mkulima na mkulima yaliendelea kama kawaida, na haya yalikuwa na mahakama zake. Tangu mwaka 1929 mahakama za wenyeji ziliondolewa chini ya Mahakama Kuu, na rufani zake zikapelekwa kwa maofisa wa utawala. Kwa muda mrefu, basi, majaji waliosomea sheria hawakusikia habari ya mpaka wa migomba. Mambo yaligeuka baada ya uhuru, kwa Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka 1963. Mahakama za Mwanzo zikaundwa, rufani zikaruhusiwa kupanda ngazi mpaka Mahakama Kuu, na majaji wakaanza kukutana ana kwa ana na minazi, masale na makaburi. Hukumu za miaka ya sitini zina ladha ya pekee kwa sababu hiyo. Mtu huona ndani yake elimu mbili zikisalimiana.

Kanuni zilizotolewa mwaka 1964 ziliweka muda wa miaka kumi na miwili kwa madai ya ardhi ya kimila. Aliyenyamaza kupita muda huo haifai kuamka na kudai. Mwaka 1967 Mahakama Kuu ilikataa kumwondoa mtu ambaye yeye na baba yake walikuwa wamelikalia shamba kwa muda usiopungua miaka 18, ikaona si haki kuwasumbua waliokaa na kuendeleza kwa muda huo wote. Hukumu hiyo imetajwa mara nyingi tangu siku hiyo. Lakini mwaka 1969 mahakama hiyohiyo iliweka mpaka wake: aliyeingia kwa kukaribishwa, mwalikwa, hawezi kumtoa mwenyeji wake hata akae miaka mingapi, hata akiendeleza namna gani.

Ukizitazama hukumu mbili hizi kwa pamoja utaona mahali ugomvi ulipohamia. Miaka na mazao havitoshi. Kesi nzima hurudi katika siku moja ya zamani ambayo mtu wa kwanza aliingia shambani, na maneno aliyoambiwa siku hiyo. Je, aliambiwa, “Karibu ulime,” au aliambiwa, “Chukua, ni lako”? Wawili waliosema na kusikizana wamekwisha kufa. Waliobaki ni wajukuu, na kila mmoja amesimuliwa na upande wake. Desturi ya ukarimu, ambayo kwayo mgeni hupewa kipande cha kulima bila mashahidi kwa kuwa kuita mashahidi kungekuwa kumtukana, imezaa mashauri mengi kuliko ulafi. Katika jambo hilo mzigo wa ushahidi una ukatili wa namna yake, maana humwangukia aliyerithi neno la babu yake pasipo kuwapo lilipotamkwa.

Hakimu mwenye busara hutamani kufanya kama yule mzee wa zamani, kwenda shambani akajionee. Sheria haikumkataza, ila imemwonya. Mwaka 1980 Mahakama ya Rufani ya Tanzania ilisema kuwa kutembelea eneo la ugomvi ni jambo la nadra, kwa sababu hakimu akijionea mwenyewe yumkini akageuka shahidi bila kujua. Na pale inapolazimu, wadaawa wawepo, na yaliyoonekana yaandikwe na kusomwa mbele yao. Onyo hilo ni la haki. Lakini yafaa kuona umbali uliotembewa. Kwa baraza la wazee, aliyekuwa hakulijua shamba hakufaa kuhukumu. Kwa mahakama, anayelijua mno ndiye asiyefaa.

Uhuru uliifuta milki kamili yenyewe. Nyerere aliandika dhidi yake tangu mwaka 1958, na mwaka 1963 sheria ilizigeuza milki zote za namna hiyo kuwa ukodi wa Serikali wa miaka 99. Hivyo kile walichonyimwa Muhena na Mtoro kilinyang'anywa pia waliokuwa nacho, na kwa muda ilionekana kuwa swali la kale limezikwa. Halikuzikwa. Amri ya kuhamia vijijini ilipotolewa mwaka 1973, na operesheni zikaendeshwa mpaka 1976, mamilioni ya watu walihamishwa. Mashamba ya hawa wakagawiwa wale, mara nyingi pasipo hati na pasipo sheria ya kuifuta haki iliyotangulia. Miaka ya themanini ilipofika, wenye mashamba ya zamani walianza kwenda mahakamani, na Mkoa wa Arusha ukawa na mashauri mengi.

Kabla ya hayo kufika mwisho wake, palitokea shauri la Mulbadaw katika Wilaya ya Hanang. Shirika la umma la kilimo na chakula lilikuwa likilima ngano kwa msaada wa Kanada katika nyanda ambazo Wabarabaig walichungia mifugo yao. Baraza la kijiji na wanakijiji walilishitaki shirika, wakashinda katika Mahakama Kuu. Mahakama ya Rufani, katika hukumu iliyomo katika ripoti za mwaka 1985, iliipindua hukumu hiyo. Ilisema kuwa kijiji kuandikishwa hakumaanishi kwamba kimepewa ardhi iliyo ndani ya mipaka yake, na wanakijiji waliodai kwa mila walipaswa kuthibitisha kwanza kuwa wao ni wenyeji kwa maana ya sheria. Hawakuwa wamethibitisha. Mfugaji ambaye tume za Kijerumani hazikumwona kwa sababu hana jembe, sasa, miaka ishirini na zaidi baada ya uhuru, aliambiwa athibitishe kwamba ni mwenyeji wa nchi yake. Mzigo wa 1895 ulikuwa umeongezwa uzito.

Katika Januari 1987 baba na mwanawe walifungua madai katika Mahakama ya Hakimu Mkazi ya Arusha kudai shamba walilolishika kwa mila. Walishinda, wakarudishwa shambani. Rufani dhidi yao ilikuwa haijasikizwa Bunge lilipotunga sheria ya mwaka 1992 kuhusu umiliki wa ardhi katika vijiji vilivyoanzishwa, iliyoanza kutumika tarehe 28 Desemba mwaka huo. Sheria hiyo ilizifuta haki za kimila zilizotangulia ugawaji wa operesheni, ikayasimamisha mashauri yaliyokuwa yakiendelea, ikazuia hukumu zilizokwisha kutolewa zisitekelezwe, na fidia ikaibana sana. Ni jambo la kustaajabisha kidogo kwamba ilitungwa wakati Tume ya Rais ya Masuala ya Ardhi, iliyoteuliwa mwaka 1991 chini ya Profesa Issa Shivji, ilikuwa imekwisha kusikiliza maoni ya wananchi juu ya mambo hayohayo. Baba na mwana wakaigeukia Katiba. Haki za binadamu zilikuwa zimeingizwa humo mwaka 1984 na kuanza kutetewa mahakamani katika Machi 1988.

Shauri hilo, Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay na mwenzake, liliamuliwa na Mahakama ya Rufani katika Desemba 1994, Jaji Mkuu Francis Nyalali akiandika hukumu. Hoja ya Serikali ilikuwa ileile ya zamani katika vazi jipya: haki ya kimila ni ya kukalia na kutumia tu, kwa hiyo si mali, na kisichokuwa mali hakilindwi na ibara ya 24 ya Katiba. Mahakama iliikubali nusu ya kwanza ya hoja na kuikataa ya pili. Ni kweli, ilisema, kwamba haki hiyo ni ya kukalia na kutumia. Lakini haki ya kukalia na kutumia ni mali, na kuichukua bila fidia ya haki ni kinyume cha Katiba. Jaji Mkuu aliona uzito wa hoja ya Serikali ikifuatwa mpaka mwisho wake: wakazi walio wengi wa Tanzania Bara wangekuwa hawana tofauti na maskwota ndani ya nchi yao. Akaongeza jambo ambalo mkulima yeyote angelifahamu bila wakili, kwamba hata kama juu ya ardhi hapana nyumba wala mti, mtu aliyeifyeka ameitia thamani ya jasho lake, na thamani hiyo yastahili fidia. Vifungu kadha vya sheria ya 1992 vikatanguliwa.

Maana ya hukumu hiyo katika historia ya mzigo ni hii. Tangu 1895 mkulima alihesabiwa kuwa hana kitu mpaka athibitishe kuwa anacho. Baada ya Akonaay, kukaa kwake kihalali chini ya mila kwatosha kuwa kitu, na anayetaka kumwondoa ndiye aonyeshe sheria yake na fidia yake. Miaka tisini na tisa ilikuwa imepita tangu amri ya Kaizari, sawasawa na muda mrefu kuliko wote ambao Gavana aliruhusiwa kumpa mtu ardhi.

Sheria mbili za ardhi za mwaka 1999 ziliyaandika hayo katika kitabu. Sheria ya Ardhi ya Vijiji inasema wazi kuwa haki ya kimila ya kukalia ardhi ina hadhi sawa na ile inayotolewa na Serikali. Sheria ya Mahakama za Ardhi ya mwaka 2002 nayo ilipanga ngazi kuanzia Baraza la Ardhi la Kijiji, lenye wajumbe saba ambao watatu kati yao ni wanawake, mpaka Mahakama ya Rufani. Mwaka 2021 Baraza la Kata lilipunguziwa mamlaka ya kuamua, likabakiwa na kazi ya kusuluhisha, na wadaawa wasipopatana ndipo huenda katika Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya.

Mkulima anayetaka hatimiliki ya kimila huwaita majirani zake wa pande zote. Hutembea nao pembeni mwa shamba pamoja na wajumbe wa kijiji, na kila mmoja huonyesha mti au jiwe analolijua, kisha hutia sahihi au dole gumba. Ambako hati bado haijaandikwa, na huko ni vijiji vingi, mjumbe wa baraza akisikiliza ugomvi wa mpaka huendelea kuuliza ni nani aliupanda mwembe huu, na aliyeupanda alikaribishwa na nani.